Karafuu zikishauzwa, zuio linazuia nini?

Kesi ya shamba Pemba ikifunguliwa msimu wa karafuu, ombi la kwanza huwa lile lile, la amri ya zuio: mwenzangu azuiwe kuchuma. Ombi halali, ila umri wake mfupi. Karafuu lazima zichumwe kabla hazijachanua. Zikishashuka zinachambuliwa makonyo, zinaanikwa siku chache majamvini, kisha safari ya kituo cha ZSTC, shirika la serikali linalonunua karafuu. Kesi ikiahirishwa mara mbili tu, hakuna tena cha kuzuia. Wakili wa upande wa pili atasema maombi yamepitwa na wakati, na atasikilizwa, maana mahkama haipendi kutoa amri isiyotekelezeka.

Hilo si suala la ukomo wa muda. Mlalamikaji kawahi kufungua. Kilichokufa ni nafuu, yaani amri aliyoiomba mahkama impe.

Basi siku ya kuandika madai, lipime kila ombi peke yake: hili linakufa lini? La kuzuia uchumaji linakwisha na msimu. La kutamkwa nani mwenye shamba linabaki. La kulipwa thamani ya karafuu zilizouzwa ndiyo kwanza linapata nguvu, na ushahidi wake ni stakabadhi ya mauzo yenye kilo, pamoja na daftari la pishi (kipimo cha ujazo) walizolipwa wachumaji. Aliyeomba zuio peke yake hana pa kushika.

Zuio liende na hati ya dharura, na kiapo kitaje tarehe: uchumaji umeanza lini, miti mingapi bado. "Jambo ni la haraka" bila tarehe halimshtui hakimu yeyote. Kwa maoni yangu lakini, kuna ombi bora kuliko zuio: karafuu zichumwe, ziuzwe, fedha ziwekwe mahkamani mpaka hukumu. Zuio likikubaliwa, karafuu zinachanua mtini na mshindi anarithi hasara.

Uchaguzi hauna njia ya namna hiyo. Uchaguzi wa Zanzibar uliofutwa Oktoba 2015 ulirudiwa 20 Machi 2016. Ombi la kuzuia kura ya siku ile lisingekuwa na kazi kesho yake. Marekani nako, mwaka 1974, Mahkama ya Juu iliiacha kesi ya DeFunis, aliyedai nafasi ya kusoma sheria, kwa kuwa alishaipata na kufika muhula wa mwisho.

Shauri likiondolewa hivi, usinyamaze kuhusu gharama za kesi. Kama mpinzani ndiye aliyeharakisha kuchuma baada ya kupokea wito, sema hivyo na umuombee azilipe. Na kama alichuma baada ya kupewa amri, hapo si gharama tena, ni kuidharau mahkama, na maombi ya hilo hufunguliwa peke yake.