Kumbe nimebeba mkuki

Nina steshenari ndogo nyuma ya Soko la Majengo hapa Dodoma. Natoa kopi, naprinti, nawajazia watu fomu. Majina ninayoandika kwa siku hayahesabiki, lakini lililonitesa kuliko yote ni langu mwenyewe.

Cheti cha ubatizo kinasema Getruda. Cha kidato cha nne kinasema Gertrude. Mwaka juzi ofisi moja ilinirudisha mara tatu, mpaka nikaenda kuapa kwa wakili kwamba hao wawili ni mtu mmoja. Elfu ishirini ikaenda hivi hivi. Jioni ile, hasira bado ziko kichwani, nikaanza kulichimba: hivi hili jina ni la nani hasa?

Nyumbani tulijua ni la mtakatifu, basi. Nilizaliwa tarehe 16 Novemba, sikukuu ya Mtakatifu Gertrude wa Helfta, mtawa wa Ujerumani wa karne ya 13. Katekista alifungua kalenda, kazi ikaisha. Kumbe jina lenyewe lilimtangulia huyo mtawa kwa karne nyingi. Ni vipande viwili kutoka lugha za kale zilizozaa Kijerumani, Kiholanzi na Kiingereza: ger ni mkuki, na trud ni nguvu.

Mkuki! Nilicheka peke yangu dukani. Babu yangu, kule upande wa Bihawana, alikuwa na mkuki wake ameuchomeka kwenye dari ya tembe, mpini mweusi tii kwa moshi. Sisi wasichana tulikatazwa kuugusa. Hata ukianguka, unamwita kaka yako auokote. Na muda wote huo bibi ananiita "Getuluda, njoo ule", hajui anaita nini.

Baba ni Gerard: ger tena, na hard, yaani imara. Lakini usije ukadhani wale wazee wa kale wa Ulaya walikuwa wanatunga sentensi. Walichukua vipande vya majina ya wazazi na ndugu wakaviunganisha. Askofu Wulfstan wa Worcester, Uingereza, karne ya 11, baba yake aliitwa Æthelstan na mama yake Wulfgifu. Mtoto akapata wulf, mbwa mwitu, kwa mama, na stan, jiwe, kwa baba. Hakuna aliyeuliza mbwa mwitu wa jiwe anafananaje. Malkia Fredegund wa Wafranki, watu wa kale wa kule Ufaransa, aliyefariki mwaka 597, jina lake ni amani na vita, vimekaa pamoja kama ndugu. Hapo ndipo wanapotofautiana na sisi. Ukikutana na Tabu au Mashaka unajua kuna kisa, na ukimkuta bibi yake ametulia atakusimulia chote. Kwa Fredegund huna cha kuuliza zaidi ya wazazi ni akina nani.

Tangu hapo nimekuwa msumbufu, nakiri. Kila anayekaa kwenye benchi langu namchambulia. Mama Matilda anayeuza mlenda nilimwambia ni nguvu na vita, akasema nisimwambie mume wake. Richard, mtawala na imara, alifurahi mno, sikupenda. Robert ni sifa na mng'ao. Huyo alikuwa anakopa.

Aliyenikuna ni Edward, mlinzi wa usiku wa fremu zetu sita. Ead ni mali, weard ni mlinzi. Mlinzi wa mali, kaka, toka zamani! Akasukuma kofia nyuma, akafikiri kidogo.

"Sasa dada, hao wa zamani walikuwa wanalipwa shilingi ngapi?"

Jana amekuja mama mmoja na mtoto mgongoni, anataka fomu ya cheti cha kuzaliwa. Mtoto anaitwa Edga. Moyo ukaniruka: mali na mkuki! Maana kile kipande changu cha ger, kwenye midomo ya Waingereza wa kale kilikuwa gar, kama vile r inavyogeuka l kwa bibi yangu. Nikaandika Edgar vizuri kabisa, herufi zote tano. Kisha nikakumbuka kumuuliza.

"Cha ubatizo wameandikaje?"

Akafungua mfuko wa nailoni, akakitoa kimekunjwa mara nne. E, d, g, a.

Nikafuta ile r.