Mraba uliokataa kuwa mraba

Swali lenyewe lilikuwa fupi: A(0,0,0), B(2,2,0), C(2,0,2), D(0,2,2). ABCD ni umbo gani?

Nilikuwa kidato cha tano, PCM (Fizikia, Kemia na Hisabati), na kutafuta umbali kati ya nukta mbili niliona ni kazi ya kusinzia. Unatoa, unazidisha kila tofauti kwa yenyewe, unajumlisha, unatafuta kipeuo. AB ikaja √8. BC, CD na DA vilevile. Nikapima ulalo wa AC na wa BD: √8 tena. Pande nne sawa, ulalo sawa na mwenzake. Nikaandika MRABA kwa herufi kubwa. Daftari likarudi na wino mwekundu, bila neno la maelezo.

Nikaja nalo likizo, nyumbani Ujiji. Siku ya pili ndipo nilipostuka: ulalo umelingana na ubavu! Mraba wenye ubavu wa √8 lazima uwe na ulalo wa 4, ndivyo kanuni ya Pythagoras inavyotaka. Sasa hii ni kitu gani?

Jibu lilikuwa uani, kwenye beseni la kufulia. Nilichukua kipande cha sabuni ya mawese, nikakichonga kikawa mchemraba, nikachora herufi kwenye kona zake. A na B zikaangukia chini, zikitazamana kwa mshazari. C na D zikawa juu, kwenye mshazari ule mwingine. Kumbe hazikai kwenye uso mmoja kabisa! Nikakata kona nne zisizo na herufi, mkononi ikabaki piramidi ya pembetatu nne zinazolingana. Theluthi mbili ya sabuni ilikuwa chini, vipande vipande.

"Wewe," mama akasema, "nguo za baba yako nitazifulia hesabu?"

Nikaviokota vipande vyote, nguo nikazifua mimi.

Nilichokuwa nimekosea ni kubeba sheria za ubaoni, ambako kila kitu kimelala, nikazipeleka mahali penye z, namba ya tatu inayoonyesha kimo. Kunja karatasi ya mraba kwenye ulalo wake uone: pande nne zina urefu uleule, lakini mraba haupo tena.

Tangu hapo sianzi na pande. Naanza na nukta ya katikati ya kila ulalo. Kwenye swali lile, katikati ya AC ni (1,0,1), katikati ya BD ni (1,2,1). Hazikutani, basi umbo lile si hata msambamba. Ningeanza hapo, sabuni ingepona.

Muhula uliofuata tukapewa A(1,1,1), B(3,4,7), C(9,6,4), D(7,3,−2). Katikati ya AC: (5, 3.5, 2.5). Katikati ya BD: palepale. Pande zote 7, ulalo wote √98, yaani 7√2. Nikahakiki mara mbili, kisha nikaandika mraba, safari hii kwa herufi ndogo.