Tepe za askari zikifika kortini

Watu wa hapa Malindi wakiskia askari ameshtaki juu ya cheo wanacheka tu, ati leo afande naye anatafuta wakili, si ndio yeye hutupeleka sisi kortini. Lakini kesi hizi ziko, na korti ya ajira na mahusiano ya kazi inakaa hapa hapa mjini, so askari wa Lamu si lazima afunge safari mpaka Nairobi kudai haki yake.

Jirani yangu ni sajini mstaafu na ukimpa kahawa na kaimati anakueleza mambo haya mpaka isha. Yeye anasema konstebo kugombania tepe za koplo, cheo kinachofuata, ni vita kuliko vita vya majambazi, manake nafasi ni chache na watu ni wengi na kila mtu anamjua mtu. Na si yeye peke yake, ile kamati ya Jaji mstaafu Maraga iliyoundwa Desemba 2022 kuangalia mambo ya polisi ilitaja hongo na upendeleo kwenye kuajiri na kupandisha vyeo.

Sasa mimi nilienda kusoma Katiba nione nani hasa anagawa hizi tepe, nikabaki nacheka. Kifungu cha 246 kinasema Tume ya Huduma ya Polisi ndio inaajiri na kuamua vyeo na uhamisho. Sawa, basi imeisha. Rudi nyuma kidogo kwa 245 unakuta hakuna mtu anaruhusiwa kumwambia Inspekta Jenerali, yani mkuu wa polisi, afanye nini kuhusu kuajiri, kupandisha cheo ama kufukuza askari. Yani neno cheo liko kwa wote wawili, na kila mmoja akiulizwa anakufungulia ukurasa wake. Oktoba 2025 korti ya kazi kule Nairobi ikasema kuandikisha makonstebo ni kazi ya Inspekta Jenerali si ya tume. Haya, hiyo ilikua ni kuajiri, lakini kuajiri na kupandisha vyeo vimeandikwa kwenye sentensi moja pale 246, so ukivuta uzi huo sijui utaishia wapi, mimi nikiwa wakili wa askari aliyerukwa ningeanzia hapo hapo.

Halafu kuna wale wenye digrii. Makonstebo waliosoma chuo kikuu walikua wanalipwa mshahara wa ngazi ya inspekta, 2018 wakaambiwa basi, rudini kwa mshahara wa konstebo, wakakimbilia korti. Hapa mimi na sajini hatuelewani kabisa. Yeye anaona digrii haikamati mwizi, mtu apande kwa miaka na kozi kama wao walivyopanda. Mimi naona kama ulimwambia mtu soma tutakulipa, akakopa akasoma, huwezi kuamka asubuhi ukamkata. Kama hukutaka wasomi ungesema mapema!

Kitu wengi hawajui ni kwamba hata ukishinda, jaji mara nyingi hakuvishi tepe. Korti haipendi kuketi kwenye kiti cha mwajiri. Inaangalia utaratibu: ulipewa nafasi sawa ya intaviu, ulielezwa sababu ya kuachwa, ulibaguliwa kwa kabila ama jinsia, Katiba inakataza ubaguzi wa namna hiyo. Ikiona kuna kasoro inaweza kufuta uamuzi na kusema irudiwe, pengine na fidia. Kurudia nako ni kwa watu wale wale walokuruka mara ya kwanza, ndio sajini anacheka akifika hapo.

Na muda nao unakimbia. Kesi ya kawaida ya kazi ina miaka 3 tangu jambo litokee, ikipita hiyo umekwisha hata uwe na ukweli wa namna gani. Mtu yuko Kiunga huko mpakani, netiweki ya kubahatisha, listi ya waliopandishwa imetoka yeye anaskia kwa mwenzake, anaandika barua anangoja majibu, anaandika nyingine, anangoja tena huku miaka inahesabika. Kungoja majibu ya barua hakusimamishi saa. Kama wewe ni afande na unasoma hapa, ile signali (ujumbe rasmi wa kazi) ya kuitwa intaviu piga picha siku hiyo hiyo tarehe ionekane, na barua yako ya malalamiko usiipeleke bila kopi yenye muhuri wa kupokelewa.