Nilivyopiga filamu fupi jikoni hosteli kwa mbinu za Gábor Reisz

Aisee wengi mmeniuliza niliwezaje kupiga filamu huku Budapest na hela ya mwanafunzi, tena kwa simu. Jibu ni jamaa mmoja anaitwa Gábor Reisz, dairekta, mzaliwa wa mji huuhuu.

Filamu yake ndefu ya kwanza ilitoka 2014, ya pili, Rossz versek, 2018, na humo kaigiza mwenyewe kama kijana aliyepigwa chini na demu Paris akarudi kwao kuugulia. Tamu, ila iliyonifungua macho ni ya tatu, Magyarázat mindenre ya 2023, ile iliyobeba tuzo ya filamu bora kipengele cha Orizzonti kule tamasha la filamu la Venice. Na hiyo imepigwa bila hata mia ya mfuko wa filamu wa serikali, yaani bajeti ya kuungaunga!

Stori iko hivi, dogo Ábel anaingia mtihani wa mdomo wa historia wa kumaliza sekondari, kichwa kinagoma, hana neno la kusema. Mwalimu anamuuliza mbona umevaa kokárda, kile kiua cha utepe mwekundu, mweupe na kijani ambacho Wahungari wanabandika kifuani tarehe 15 Machi kukumbuka mapinduzi ya 1848, ila ukikivaa siku nyingine watu wanakusoma siasa zako hapohapo, wewe ni wa mrengo wa kulia. Dogo kafeli, nyumbani anabanwa na baba, anababaika weee mwisho anasema mwalimu aliniuliza kokárda. Basi. Baba anachukulia mwanae kafelishwa kwa siasa, na yeye na yule mwalimu hawaivi toka zamani, stori inamfikia mwandishi wa habari, nchi inawaka.

Utamu ni kwamba hakuna mbaya. Ukikaa na baba unaona ana pointi, ukihamia kwa mwalimu naye ana pointi (na ana viburi vyake pia), Reisz anawapa wote muda wa kutosha, ndo maana filamu inavuka masaa mawili na nusu na husinzii. Kamera iko karibu na sura za watu, na ugomvi mwingi uko vyumbani tu.

Nikasema kama ni hivyo jiko ninalo. Nikaandika skripti ya washkaji wawili wanaogombania sufuria iliyoachwa na ugali umegandia, mmoja anasema nyie watu wa kwenu ndo zenu, hapo sufuria imeshasahaulika. Kila mmoja nikampa sababu ya kweli, ule mstari niliotaka kuuandika kumdhalilisha mmoja nikaufuta. Kupiga tulipiga mchana, mwanga wa dirishani, waigizaji ni wana wa hosteli na malipo yao pilau.

Kazi ilikuwa saundi. Friji la jikoni linanguruma kama trekta, kwa hiyo kila tukianza kurekodi nalichomoa, tukipumzika narudisha maana maziwa ya watu yamo humo, na sauti nikanasa kwa simu ya pili niliyoificha nyuma ya mkebe wa chumvi, karibu kabisa na midomo yao. Kwenye kuediti nikaitumia hiyo tu.

Tulivyoionyesha hosteli watu waligawanyika, nusu wanamtetea mwenye sufuria, nusu yule mwingine, na mabishano yalikuwa marefu kuliko filamu yenyewe.