Deni si wizi

Gari limelala kituo cha polisi tangu juzi. Kosa? Awamu mbili za malipo hazijakamilika.

Jamani, hilo ni deni! Polisi hushikilia gari linaloshukiwa kuwa la wizi, au lililo kielelezo, yaani ushahidi, katika kesi ya jinai. Ugomvi wa malipo ni shauri la madai. Mahakama ikiamuru gari likamatwe, anayekamata ni dalali wa mahakama, yaani mtekelezaji wa amri zake, na amri hiyo ina mhuri na namba ya shauri.

Leo mezani kwa askari palikuwa na ufunguo tu. Hakuna karatasi.

Bila hati ya kukamata mali, tairi la spea likipotea utamdai nani? Hati iandike namba ya chesisi, kilomita, vilivyomo ndani, jina na namba ya askari.

Nyie mlioshikiwa magari, mlipewa hati au maneno tu?