Siku Mawenzi Ilipouziba Mto

Katika likizo ya katikati ya mwaka 1988, nikiwa na umri wa miaka 11, nilikuwa jemadari wa dola ya Mawenzi kwa muda wa wiki tatu, na utawala wangu ulikoma asubuhi moja kwa sababu ya magogo mawili ya mgomba.

Dola zetu zilikuwa mbili, zote katika kijiji kimoja cha Marangu, ubavuni mwa Mlima Kilimanjaro, na mpaka wake ulikuwa njia ya miguu iliyopita kati ya vihamba, yaani mashamba ya migomba na kahawa yanayozunguka nyumba. Watoto wa kaya za chini ya njia walikuwa Kibo, na sisi wa juu tulikuwa Mawenzi, ingawa mlima wenyewe umepanga kinyume. Majina hayo tuliyatoa katika hadithi ambayo kila mtoto wa Kichaga huikuta jikoni kwa bibi yake: Mawenzi alizimikiwa na moto, akaenda kwa nduguye Kibo kuomba kaa, akapewa kaa pamoja na ndizi zilizopondwa, alipozimaliza alirudi tena na tena kudai kwamba moto umezimika, hadi Kibo alipochoka na kumshushia mchi kichwani. Ndiyo sababu kilele cha Kibo, chenye mita 5,895, ni cha mviringo na kimetulia, na kile cha Mawenzi, chenye mita 5,149, kimechongoka na kupasukapasuka. Kura ilituangushia upande wa aliyepigwa, nasi tukaapa kulipa kisasi.

Mto tulioupigania ulikuwa mfongo, yaani mfereji uliochimbwa kwa mkono ili kuyachepusha maji ya mto wa korongoni, mbali huko juu karibu na msitu, na kuyatembeza taratibu ubavuni mwa kilima mpaka yafike vihambani. Wazee wetu walikuwa wakichimba mifongo ya namna hiyo kabla Mjerumani hajaukanyaga mlima. Huu wa kwetu mtu mzima aliweza kuuvuka kwa hatua moja. Kwetu sisi, hata hivyo, ulikuwa mto wa uzima. Sheria ya vita ilisema kwamba aliyeguswa na upanga, na panga zetu zilikuwa nyuti za majani ya mgomba, amekufa papo hapo. Alitakiwa alale chali, afumbe macho na anyamaze mpaka mwenzake amletee maji ya mto huo katika kiganja na kumnyunyizia usoni. Maji yakivuja yote njiani, marehemu aliendelea kuwa marehemu. Nimewahi kumwona mtoto akilala katika umande muda wa kutosha kuivisha chungu cha maharage, huku siafu wakimtembelea miguuni, kwa kuwa waganga wake walikuwa wamesahau walikomwacha.

Kila dola ilidai kwamba mto ni wake kwa haki. Kibo walisema kwamba barafu iko kwao, kwa hiyo maji yanatoka kwao. Mjumbe wetu, msichana wa darasa la sita ambaye angeweza kubishana na ukuta, aliwajibu kwamba maji hayo ni machozi aliyoyatoa Mawenzi siku ile ya mchi, na kwamba mtu hawezi kumpiga nduguye kisha akamiliki hata kilio chake. Ukubwani nilikuja kusoma kwamba sehemu kubwa ya maji ya vijito vya mlima ule hutokana na mvua inayonyesha juu ya msitu, si barafu, na machozi hayakutajwa mahali popote. Basi madai yote mawili yalikuwa ya uongo, lakini hadi leo naona hoja yetu ilikuwa bora.

Wiki ya tatu vita vilitukalia vibaya. Kibo walikuwa wengi, na walikuwa wameteka kona ambapo mfongo ulipita karibu kabisa na njia, hivyo wafu wao walifufuka kabla wetu hawajamaliza kulala chini. Ndipo nilipopata fikra iliyonifanya nijione mkuu kuliko majemadari wote: tukiuziba mfongo juu ya kona ile, mto utawakaukia, na kila atakayeguswa atabaki chini. Asubuhi yenye ukungu mzito wa Julai, tulikokota magogo mawili ya mgomba uliokwisha kukatwa, tukayalaza mferejini, tukashindilia mawe na mabonge ya udongo wenye nyasi. Maji yakapungua kule chini, nasi tukapiga vigelegele na kushambulia.

Wa kwanza kuanguka alikuwa binamu yangu mwenyewe, mpiganaji wa Kibo, ambaye nilimgusa begani chini kidogo ya ukingo. Akalala kwa heshima zote za sheria, macho yamefumbwa. Wenzake walikimbilia konani wakakuta matope, na nilikuwa nimeanza kutangaza ushindi niliposikia nyuma yangu sauti kama ya kitambaa kizito kinachochanika. Ukingo ulikuwa umeachia. Maji yote tuliyoyafungia yalishuka kwa pamoja, yakampitia binamu yangu kuanzia utosini hadi nyayoni, naye, mwaminifu kwa sheria kuliko sisi sote, akaruka juu akiwa amepakwa tope mwili mzima na kupiga kelele, “Nimefufuka! Nimefufuka!” Majeshi yote mawili yalimshangilia. Shangwe hiyo ilikatizwa na sauti ya bibi mmoja mjane, ambaye kihamba chake kilikuwa chini yetu, na ambaye siku hiyo, baada ya kungoja wiki nzima, ilikuwa zamu yake ya maji. Yalikuwa yamemfikia yote kwa mara moja, yakapita na kitalu chake cha miche ya kahawa, kisha yakaenda zao korongoni.

Jioni wazee walikaa. Sikuruhusiwa kusikiliza, lakini hukumu ilinifikia: kila baba wa mkosaji atatoa debe la mbege, pombe yetu ya ndizi, na wakosaji wenyewe watakwenda msaragambo, yaani kazi ya pamoja ya kijiji, wa kuujenga upya ukingo. Baba hakunichapa. Alfajiri alikwenda mpakani mwa kihamba, kwenye ile safu ya masale, mimea ya majani marefu ya kuwekea mipaka, ambayo siku zote tulikatazwa kuivunja, akakata sale moja na kunikabidhi bila maneno mengi. Nilijua maana yake. Kwa Wachaga, anayeombwa radhi kwa sale ni vigumu sana kukataa, na kwa sababu hiyohiyo anayelibeba huona mkono wake mzito.

Bibi alilipokea kwa mikono miwili. Nilipomwambia, “Shikamoo bibi, nimekuja kuomba msamaha, mimi ndiye niliyewatuma wenzangu,” alijibu “Marahaba” tu, akalichomeka kwenye udongo uliobaki wa kitalu, akaniambia niende kazini.

Tulibeba mawe na udongo wa mfinyanzi mpaka adhuhuri, Kibo na Mawenzi katika mstari mmoja, chini ya macho ya mzee msimamizi wa mfongo, ambaye alitaka aelezwe sheria ya mchezo wetu hatua kwa hatua. Alisikiliza kwa makini kama mtu anayesikiliza shauri la mpaka. Mwishoni aliuliza, “Na aliyekufa upande usio na maji, wajukuu wangu, mlipanga alale mpaka lini?” Tukatazamana. Hapakuwa na kifungu kuhusu jambo hilo. Binamu yangu, ambaye masikio yake yalikuwa bado na tope, alisema labda mpaka saa ya kula.

Mzee alicheka hadi akaegemea jembe. Muda si mrefu bibi alitokea na sufuria la kiburu, akatuketisha kwenye ukingo mbichi na kutugawia ndizi na maharage katika vipande vya majani ya mgomba. Mimi alinipa fungu la mwisho, akasimama akinitazama. Nililimaliza lote, nikalamba na jani.