Asubuhi moja juu ya makaburi ya Yungay

Nilifika Yungay saa nne asubuhi, na nusura niwe nimechelewa. Katika bonde lile la Callejón de Huaylas, nchini Peru, mawingu huanza kuupanda Huascarán mapema, na bila kuuona mlima, mji wa zamani, uliofunikwa na tope mwaka 1970, ni bustani ya mawaridi tu.

Nilitoka Huaraz kwa basi dogo, tukishuka na mto Santa: kulia safu ya milima ya Cordillera Blanca yenye theluji, kushoto safu ya Cordillera Negra, kavu. Nikaanzia makaburini. Ni kilima cha mviringo kilichokatwa ngazi ngazi, juu kabisa kuna sanamu ya Kristo aliyenyoosha mikono. Nikatandika ramani na kutazama mashariki.

Kilele cha kaskazini cha Huascarán kina mita 6,655. Mji ulikuwa kwenye mita 2,500 hivi. Tarehe 31 Mei 1970, saa 9 na dakika 23 alasiri, tetemeko la kipimo cha 7.9 lilibandua mwamba na barafu kutoka ukuta wa kilele hicho. Mzigo ule uliangukia barafuto, yaani mto wa barafu wa mlimani, ukazoa theluji, mawe na udongo, ukageuka tope zito lililokwenda zaidi ya kilomita 200 kwa saa. Lilifika mjini kwa dakika chache.

Nilichotaka kukiona hasa ni mgongo wa kilima ulio kati ya mji na bonde la Ranrahirca. Januari 1962 poromoko la kwanza lilipita bondeni, likaufunika mji mdogo wa Ranrahirca, na mgongo ule ukaikinga Yungay. Watu wakauamini. Kosa ni kwamba walipima ukuta, hawakupima mzigo. Tope lenye kasi hufanya kama maji ya mfereji: kwenye kona hupanda ukingo wa nje. La 1970 lilikuwa kubwa mara kadhaa, na sehemu yake ikaruka mgongo. Ukisimama pale juu, unaona jinsi ulivyo mdogo mbele ya mlima.

Kilima cha makaburi kilibaki nje ya tope. Watu 92 ndio wanaotajwa kuokoka juu yake. Watoto wapatao 300 walipona kwa kuwa walikuwa kwenye sarakasi, uwanjani. Uwanja wa kati wa mji ulibaki na mitende minne na kipande cha kanisa, na karibu yake basi lililosokotwa kama kitambaa. Kufukua kumekatazwa.

Serikali ilitaka kuwahamishia walionusurika Tingua, kusini zaidi. Walikataa: wateja wa soko lao walikuwa wakulima wa milima hii hii. Wakajenga kilomita chache tu kaskazini.

Saa tano na nusu kilele kilikuwa kimeshafunikwa. Waliowasili wakati huo walipiga picha mitende.